Fundi wa Darasa la Ngumbaru

Ukiuliza Mombasa Vince Powell ni nani, utatazamwa tu. Mtaje Ranjeet Singh na radhi zake elfu, au Bi Jamila anayefuma sweta darasani, na kila aliyepita miaka arubaini atacheka kabla hujamaliza. Enzi hizo chaneli ni KBC, kile kichekesho cha Uingereza, Mind Your Language, kilitujaza sebuleni kwa jirani mwenye televisheni. Wote hao walitoka kwenye kalamu ya mtu mmoja wa Manchester, aliyezaliwa 1928.

Mimi huandika vichekesho vya jukwaani, kwa hiyo kwa Powell naangalia ufundi kwanza. Kanuni yake ilikuwa moja: tafuta wawili wasiopikika chungu kimoja, uwafungie mahali pamoja. Aliianza na mwenzake Harry Driver, ambaye polio ilimpoozesha mwaka 1955. Mwaka 1967 waliwaweka Myahudi na Mkatoliki wa Ireland katika karakana moja ya ushonaji London. Mwaka 1972, katika Love Thy Neighbour, Mzungu mbaguzi akapata jirani Mweusi, ukuta kwa ukuta. Mwaka uliofuata Hammer, wale wale wa sinema za kutisha, wakautolea filamu. Driver akafariki 1973.

Mwisho wa 1977 Powell, sasa yu peke yake, akaijaza kanuni ile darasa zima la wageni wanaojifunza Kiingereza: ndiyo Mind Your Language. Tazama nani kagombanishwa na nani. Ali wa Pakistan kapewa Ranjeet, Kalasinga wa India. Taro, Mjapani, kapewa Chung Su-Lee na kijitabu chake chekundu cha Mao. Mwalimu Brown huuliza kaswali kadogo. Mmoja hujibu kombo, wa pili humsahihisha kwa kosa kubwa zaidi, wa tatu huona katukanwa, na Juan, ambaye hajaelewa hata neno, hucheka kuwashinda wote. Hapo mkono wa Powell ni mwepesi. Pasiponipendeza ni kwamba kila mgeni kapewa kosa lake moja la kurudiarudia, na akili timamu kaachiwa Mwingereza. Hata hivyo shangazi yangu wa Majengo, aliyekuwa akienda ngumbaru jioni, hakumcheka Jamila. Alimpigia makofi kila neno lilipomtoka sawa.

Mwaka 1979 Michael Grade, mmoja wa wakubwa wa kituo cha LWT, aliufuta mchezo kwa kuwa unadhalilisha wageni. Simlaumu, ingawa mimi mwenyewe ukirushwa leo nitakaa kuutazama. Ila kanda zilikwisha uzwa ng'ambo, na wanunuzi walitaka zaidi. Mwaka 1986 Powell akaandika vipindi 13 vipya, ambavyo huko Uingereza kwenyewe baadhi ya mikoa haikuvirusha. India nao wakaja na wao mwaka 1993, Zabaan Sambhalke: somo Kihindi, ugomvi uleule.