Watoro wa Jilore na Mateka wa Freretown

Jilore iko bara ya Malindi, kusini mwa mto Sabaki, pembeni mwa msitu wa Arabuko-Sokoke. Karne ya 19 pande hizi zilikuwa makimbilio ya watumwa. Malindi ilikuwa imefufuliwa miaka ya 1860, enzi za Sultani Majid wa Unguja, na mashamba yake ya mtama na ufuta yalilimwa na watumwa, wengi wao wakiwa wametolewa pande za Ziwa Nyasa na kupakiwa majahazini Kilwa. Waliotoroka walijificha msituni, wakajenga vijiji jirani na Wagiriama. Kimojawapo kilikuwa Fuladoyo, ambacho kiongozi wake, David Koi, aliuawa mwaka 1883. Wamisionari wa CMS (Church Missionary Society), chama cha wamisionari wa Kiingereza, walipofungua kituo Jilore, mwanzoni mwa miaka ya 1890, watoro walikuwa wamekwisha kuizoea nchi hiyo.

Baharini mambo yalikwenda kwa njia nyingine. Tarehe 5 Juni 1873 Sultani Barghash wa Unguja alitia saini mkataba wa kupiga marufuku usafirishaji wa watumwa kwa bahari. Kuanzia 1874 manowari ya Kiingereza, London, ilitia nanga Unguja, na mashua zake zikawa zinakimbiza majahazi, ambamo watu walibanwa kwa tabaka juu ya majukwaa ya fito. Kazi hiyo ilikuwa ya hatari: nahodha wa manowari hiyo, Charles Brownrigg, aliuawa karibu na Pemba Desemba 1881. Lakini kuokolewa hakukuwa kurudishwa kwao. Walioopolewa walipelekwa Aden, Shelisheli, Bombay, na tangu 1875 Freretown, makazi ya CMS huko Kisauni, Mombasa, ambako waliitwa Mateka. Huko walipewa viwanja, shule na kanisa. Walipewa pia viboko, hata msimamizi wao akachunguzwa kwa ukali wake.

Mtoto wa Freretown ndiye aliyeyaandika hayo kwa Kiswahili. James Mbotela, ambaye baba yake alikuwa miongoni mwa Mateka, alitoa kitabu chake, Uhuru wa Watumwa, London mwaka 1934. Tafsiri ya Kiingereza ikafuata 1956. Ni kazi ya thamani kubwa, kwa kuwa machungu ya kutekwa na kuuzwa yanasimuliwa na mtu aliyeyapokea nyumbani kwao. Hata hivyo shukrani imekipinda: Mwingereza ndiye mkombozi, Mwarabu ndiye mwovu, na mtumwa mwenyewe anangoja kuokolewa.

Watoro wa Jilore wanaipinga picha hiyo. Hakuna manowari iliyowafuata. Walitoka usiku kwa miguu, wakijua kwamba wakikamatwa watarudishwa minyororoni. Wanastahili nafasi sawa na Mateka katika vitabu vya shule. Utumwa ulifutwa kisheria pwani ya Kenya mwaka 1907, na wakati huo watoro wa Sabaki walikuwa wakijilimia wenyewe kwa miaka mingi.