Hukwe Zawose na Marimba Yake

Wasikilizaji wetu wa Mlingotini waijua njia ya kwenda Bagamoyo mjini, na wengi wamekwisha kusikia ngoma zikilia katika Chuo cha Sanaa kilichofunguliwa mwaka 1981. Humo mwanafunzi hasomeshwi muziki peke yake. Hufundishwa pia sarakasi na michezo ya kuigiza. Twapenda leo kueleza habari za mwalimu wake mmoja, Hukwe Zawose, mtunzi aliyejua kwamba asimamaye mbele ya watu hana budi kuwa mwigizaji pia.

Hakuwa mtu wa pwani. Alizaliwa Ugogo, akachunga ng'ombe wa baba yake, na huko akajifunza kuimba, kupiga marimba na zeze. Baada ya Uhuru wa mwaka 1961 sifa zake zikamfikia Mwalimu Nyerere, naye akamwita Dar es Salaam.

Marimba ya Wagogo, iitwayo ilimba, ni sanduku la mti lenye vyuma vyembamba vichezwavyo kwa vidole gumba. Ajabu yake ni hii: baadhi ya vyuma haviguswi kabisa, bali hulia vyenyewe vikisikia wenzao wakilia. Tena tundu la sanduku huzibwa kwa utando wa buibui, ili sauti ivume. Bwana Hukwe alilikuza sanduku hilo na kuongeza vyuma hata vikapita 60. Zeze nalo akalitia nyuzi zaidi. Twadhani jukwaa ndilo lililomlazimisha. Kijijini wasikilizaji huketi karibu, lakini jukwaani mtu wa nyuma kabisa yu mbali, naye amekuja kusikia kama wengine. Wako wasemao kwamba chombo cha wazee kisiguswe. Sisi hatuoni hivyo, maana wazee nao walikitengeneza kwa haja zao.

Sauti yake nayo ilikuwa mchezo mtupu. Ilishuka ikanguruma kama ya mzee aliyekasirika, mara ikapanda juu nyembamba kama ya mtoto, hata asiyejua Kigogo akadhani watu wawili wanajibizana. Njuga miguuni zilimaliza kazi.

Mwaka 1996 santuri yake Chibite, aliyoimba pamoja na Charles Zawose, mwana wa ndugu yake, ilitolewa Uingereza. Baadaye akafanya nyingine na Michael Brook wa Kanada, mtu wa mitambo ya umeme. Hiyo haitupendezi sana kama ile ya kwanza, ila yaonyesha kwamba mzee hakuogopa kujaribu.

Alifariki tarehe 30 Desemba 2003. Ugogoni wanawake ni mashuhuri kwa kupiga ngoma ya muheme, lakini katika kundi la Zawose kwa miaka mingi waliitikia tu nyuma ya wanaume. Mwaka 2024 binti yake Pendo, pamoja na mjukuu wake Leah, walitoa santuri yao iitwayo Maisha, na humo wao ndio watangulizao sauti.