Kamera na Kumbukumbu Kaskazini mwa Ruvuma

Mto Ruvuma, unaomwaga maji yake katika Bahari ya Hindi karibu na Kilambo mkoani Mtwara, ulifanywa mpaka wa makoloni ya Wajerumani na Wareno mwaka 1886, na hadi leo avukaye mto huo huacha sheria moja nyuma yake na kuingia katika nyingine. Msumbiji iliviondoa vifungu vya Kireno dhidi ya wapenzi wa jinsia moja pale kanuni yake mpya ya adhabu ilipoanza kutumika katikati ya mwaka 2015, ilhali Kanuni ya Adhabu ya Tanzania, iliyorithiwa kwa Waingereza, inaagiza katika kifungu cha 154 kifungo kisichopungua miaka 30. Ndiyo maana kaskazini mwa mto huo filamu ya makala, yaani ile inayorekodi watu halisi na maisha yao, ina hatari ya pekee: sura iliyohifadhiwa kwa ajili ya vizazi vijavyo yaweza kutumiwa kumtia mwenyewe hatiani.

Hatari hiyo iliunda mbinu. Jijini Nairobi, kikundi cha wasanii kiitwacho The Nest kilianza mwaka 2013 kukusanya kwa sauti simulizi za wapenzi wa jinsia moja, kisha mwongozaji Jim Chuchu akazigeuza baadhi yake kuwa filamu fupi tano zisizo na rangi, zilizounganishwa kwa jina la Stories of Our Lives. Kwa kuwa waigizaji walisimama mahali pa wasimulizi, kazi hiyo si makala kwa maana kamili. Hata hivyo chimbuko lake ni ushuhuda, na mtafiti asiyeihesabu kuwa kumbukumbu atakuwa mkali kupita kiasi. Ilionyeshwa Toronto Septemba 2014, na mwezi uliofuata bodi ya filamu ya Kenya ikaizuia, huku mtayarishaji George Gachara akikamatwa kwa kosa la kurekodi bila kibali, wala si kwa mapenzi ya mtu yeyote. Tanzania nayo ina Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976, inayodai kibali vilevile.

Nchini Uganda mambo yalikuwa mazito zaidi. Call Me Kuchu (2012), ya Katherine Fairfax Wright na Malika Zouhali-Worrall, ilichukua jina lake kutoka kwa neno ambalo wapenzi wa jinsia moja wa huko hujiita, nayo ilimfuata mtetezi wa haki David Kato katika mwaka wa mwisho wa uhai wake. Kato aliuawa Januari 2011, miezi michache baada ya gazeti moja la Kampala kuchapisha picha yake, na kamera iliyokuwa ikirekodi kazi zake ikajikuta ikirekodi mazishi yake, ambapo mchungaji aliwashutumu waombolezaji mbele ya jeneza.

Nchini Kenya, mwongozaji Peter Murimi alichagua kuonyesha sura waziwazi katika filamu ya makala I Am Samuel, iliyorekodiwa kwa miaka mitano. Kenya iliipiga marufuku Septemba 2021, wakati tayari ilikuwa imeonyeshwa nje ya nchi.