Imani Sahihi na Mkono wa Sultani: Kutoka Roma hadi Karagwe

Miongoni mwa maswali yaliyowashughulisha watawala tangu zama za kale, hakuna lililowaletea taabu zaidi kuliko hili: ni nani mwenye haki ya kuamua imani ipi ni sahihi, na je, huyo aliyeamua ana ruhusa ya kuitilia nguvu hukumu yake kwa sheria, kwa kodi na kwa upanga? Makaisari wa Roma walilijibu katika karne ya nne kwa jibu ambalo athari zake zimefika mbali mno. Waganda walilijibu mwishoni mwa karne ya kumi na tisa. Na jirani ya Buganda, ng'ambo ya mto Kagera, ilikuwapo dola ya Karagwe, ambayo ndani yake vilikuwamo vilima vya Nyakatuntu, iliyo leo kata ya wilaya ya Kyerwa, na huko swali hilo lilichukua njia nyingine. Ni faida kuyatazama majibu haya kwa pamoja, maana kila moja humulika kasoro ya mwenziwe.

Wakristo wa Roma waliteswa kwa amri ya Kaisari Diocletian kuanzia mwaka 303, na yapata miaka kumi baadaye Constantine akawapa amani. Walakini amani ile ilikuja na deni lake, kwani mtawala aliyewarudishia makanisa yao alijiona pia kuwa ana haki ya kuuliza ni yupi miongoni mwao aliye mwenye kanisa. Maaskofu walipozozana juu ya mafundisho ya Arius, padri wa Alexandria aliyefundisha kwamba Mwana aliumbwa na Baba, ni Kaisari ndiye aliyewaita Nicaea mwaka 325, na ni amri yake iliyomhamisha Arius kwa kutokubali itikadi iliyopitishwa. Miaka michache baadaye upepo ukageuka, na Athanasius, askofu wa Alexandria na mtetezi mkuu wa Nicaea, akafukuzwa katika kiti chake mara tano, chini ya makaisari mbalimbali. Ndipo watu wakaanza kujifunza kwamba itikadi inayolindwa na kiti cha enzi huyumba kila anapobadilika aliyekikalia.

Mfano ulio karibu zaidi na Afrika yetu ulitokea Aksum, nchi ya Uhabeshi. Frumentius, kijana wa Tiro aliyelelewa katika jumba la mfalme wa huko, alikwenda Alexandria akawekewa mikono na Athanasius kuwa askofu wa Aksum. Yapata mwaka 356 Kaisari Constantius, aliyekuwa adui wa Athanasius, aliwaandikia watawala wa Aksum, Ezana na nduguye Sazana, akiwataka wampeleke Frumentius Misri akachunguzwe imani yake na askofu mpya aliyependwa na Kaisari, kana kwamba nchi ile ya mbali ilikuwa wilaya ya Roma. Waraka wenyewe Athanasius aliunakili katika utetezi wake, ndiyo maana umesalimika. Kanisa la Uhabeshi limeendelea kumheshimu Frumentius kwa jina la Abba Salama, na lilidumu chini ya kiti cha Alexandria hadi mwaka 1959, lilipopata patriarki wake mwenyewe. Amri ya Kaisari haikuwa na askari wa kuifuatia mpaka Aksum, na kwa hiyo itikadi ya huko ikabaki mikononi mwa wale waliokuwa wakiifundisha.

Palipokuwa na askari, mambo yalikuwa mengine. Tarehe 27 Februari 380 Kaisari Theodosius alitoa amri mjini Thessalonica, iliyowaelekea watu wa Constantinople, kwamba raia wote waishike imani waliyokuwa wakiifuata Damasus wa Roma na Peter wa Alexandria, na wasioifuata wahesabiwe wazushi. Sheria zilizofuata ziliingia hata kwenye mirathi: Wamani walizuiliwa kurithishana, na wafuasi wa Eunomius, aliyeshika mkondo wa Arius, waliondolewa haki ya kuandika wasia. Mwaka 438 amri hizo zilikusanywa katika Kanuni ya Theodosius, na kitabu chake cha 16, cha mwisho, kikawa hasa cha dini. Huko Carthage, mwaka 411, mjumbe wa Kaisari aitwaye Marcellinus aliketi kama kadhi baina ya maaskofu Wakatoliki na Wadonato, makundi mawili ya Wakristo wa Afrika yaliyokuwa karibu sawa kwa idadi, na baada ya hukumu yake kuwapendelea Wakatoliki, mwaka uliofuata faini zikawekwa kwa Wadonato kwa kadiri ya cheo cha kila mtu. Augustino wa Hippo, ambaye hapo mwanzo alichukia kuwalazimisha watu, alikuja kuikubali nguvu ya sheria alipoona kwamba inajaza makanisa. Ilijaza makanisa, ama nyoyo ni shauri jingine.

Sasa na tuvuke karne nyingi, tuje magharibi ya Ziwa Viktoria. Karagwe ilitawaliwa na Wahinda, nasaba ya Ruhinda, na mkuu wao aliitwa Omukama. Wasafiri wa Kizungu Speke na Grant walipofika makao ya Omukama Rumanyika mwezi wa Novemba 1861, walimkuta mtawala ambaye siasa na ibada zilikuwa zimefungamana ndani yake. Kwa masimulizi ya Speke, baada ya kufa Ndagara, baba yake Rumanyika, ndugu waligombea ufalme, na ngoma ndogo iliyowekwa mbele yao ndiyo iliyoamua, kwa kuwa ni Rumanyika tu aliyeweza kuiinua. Na mwezi mwandamo ulipoonekana, ngoma zilipigwa na watu wakaja kumtukuza. Hapakuwapo kitabu wala itikadi iliyoandikwa, na uhalali wa mtawala ulijidhihirisha katika vitu vya hazina yake, vyuma na ngoma, vilivyohifadhiwa Bweranyange.

Mwenye mamlaka ya namna hiyo hana haja ya kuuliza raia wake wanaamini nini, muradi wamtii na kushiriki sherehe zake. Kwa hiyo Waarabu wafanyabiashara walikaa Kafuro, karibu na makao ya Omukama, wakisali sala zao na kuuza nguo na shanga, na msafiri Stanley alipopita mwaka 1876 aliwakuta wamekaa kwa usalama. Rumanyika aliwapokea wageni wa Kiislamu na wa Kikristo, akawasikiliza kwa udadisi, wala hakulazimisha yeyote na yeye hakulazimishwa. Si kwamba utawala wake ulikuwa mpole kila upande. Vita vya kuwania kiti vilimwaga damu nyingi baada yake. Lakini damu ile haikumwagwa kwa sababu ya imani.

Buganda ilikwenda njia ya Theodosius, ijapokuwa haikumsoma. Dini mbili za kitabu zilipata wafuasi katika jumba la Kabaka Muteesa, na waliosoma wakawa watu wa cheo. Mwanga, mrithi wake Muteesa, aliwaua Wakristo Namugongo mwaka 1886. Mwaka 1888 Wakristo na Waislamu walishirikiana kumwondoa, kisha Waislamu wakawafukuza Wakristo, ambao walikimbilia Nkore. Waliporudi na kumrejesha Mwanga, waligawana vyeo kati ya Waprotestanti na Wakatoliki, na kanuni ikawekwa kwamba chifu atakayebadili madhehebu atauacha uchifu wake. Kanuni hiyo ndogo ndiyo iliyokuwa moto chini ya majivu, kwani mtu alipofikiria ukweli wa dini alilazimika papo hapo kufikiria shamba na watumishi wake. Tarehe 24 Januari 1892 pande mbili, Bafaransa na Bangereza kama walivyoitwa, zilipigana huko Mengo, na bunduki ya Maxim ya Lugard, ofisa wa Kiingereza, ikaamua. Wakatoliki walipewa Buddu, iliyo kusini, karibu na Bukoba. Mwaka 1893 nafasi ya Katikiro, yaani waziri mkuu, iliwekewa watu wawili, Apolo Kagwa wa Waprotestanti na Stanislaus Mugwanya wa Wakatoliki, na Mapatano ya Buganda na Waingereza ya mwaka 1900 yalihifadhi mgawanyo huo kwa njia nyingine.

Mabaki ya vita vile yalivuka mpaka. Askofu Hirth wa Mapadri Weupe, aliyekimbia kutoka Buganda, alifika magharibi ya ziwa, na mwaka 1892 kituo cha Kashozi kikaanzishwa. Waprotestanti wa Bukoba nao walikuwa na shina la Buganda: Wahaya waliojifunza kusoma huko walikusanyika kusoma Biblia wenyewe kabla ya Wamisheni wa Bethel, Wajerumani, kuwasili mwaka 1910. Basi majina ya madhehebu yaliingia Buhaya na Karagwe pamoja na kumbukumbu ya silaha, walakini hayakuingia na mgawanyo wa vyeo. Madola yalikuwa mengi, mkoloni alikuwa mmoja kwa wote, na mtu aliyebatizwa hakuacha mgomba wake kwa mtu mwingine. Katika miaka ya 1930 uamsho wa Gahini, Rwanda, uliwafikia Walutheri wa magharibi ya ziwa, na waliookoka wakawauliza wachungaji wao hadharani kama kweli wameokoka. Mabishano hayo juu ya Mkristo wa kweli, hata yalipokuwa makali, hayakuwa na kiti cha kugombewa. Leo Wakatoliki wa Karagwe na Kyerwa wana jimbo lao la Kayanga tangu mwaka 2008, na Walutheri dayosisi yao tangu mwaka 1979, wote wakisali jirani na misikiti.

Ibara ya 19 ya Katiba ya Tanzania imeweka uendeshaji wa jumuiya za dini nje ya shughuli za mamlaka ya nchi. Na hata hivyo sheria haikujitenga kabisa na itikadi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inampa kasisi, mchungaji na shehe leseni ya kufungisha ndoa, na inasema kwamba ndoa ya Wakristo wawili iliyofungwa kanisani haigeuzwi kuwa ya wake wengi maadamu wote wawili wanadumu katika imani hiyo. Hapo hakimu wa mahakama ya mwanzo anaweza kulazimika kuuliza kama mume huyu bado ni Mkristo, swali ambalo Marcellinus angelitambua mara moja. Tofauti iko katika kile kinachopotea. Chini ya Theodosius aliyehitilafiana na itikadi ya Kaisari angeweza kupoteza wasia wake, na katika Buganda ya mwaka 1890 chifu aliyegeuka alipoteza nchi aliyopewa. Chini ya sheria yetu, atakayeacha imani yake hapotezi shamba wala cheo. Anayetaka kujua kama dola imeingia katika mambo ya nyoyo na aulize hivyo: mtu akibadili dini kesho, ataondolewa nini? Jibu likiwa ni ardhi, urithi au kazi, basi dini ya mahali hapo imekwisha kuwa milki ya watawala, hata kama misikiti na makanisa yamejaa.