Cops (1922): Msee Hajui Kitu, Makarao Wote Wanamtaka

Kama unadhani komedi fupi zilianza na TikTok, tafuta hii ya Buster Keaton. Inaitwa Cops, ilitoka Marekani 1922, na ni kama dakika 18 hivi. Haina sauti, so huhitaji kuelewa lugha ya mtu.

Stori iko hivi. Kijana amekufia binti ya meya, lakini dame anamshow hataolewa naye hadi awe mtu wa biashara kubwa. Jamaa anaingia mtaani kutafuta. Msee mmoja jitu anaangusha wallet, kijana anairudisha, ila doh zinabaki kwake (hapo si malaika, tuseme ukweli). Kumbe mwenye wallet ni askari kanzu.

Tapeli anaziona hizo noti. Anakaa kando ya fanicha zilizotolewa nje na kuanza kulia, eti amefurushwa kwa nyumba. Kijana anamhurumia, ananunua zote. Lakini hizo fanicha ni za familia ya karao inayohama! Wakimwona na gari la farasi wanadhani ndiye wa kubeba mizigo, hata wanamsaidia kupakia. Na hilo gari lenyewe? Aliona bei ya koti, dola 5, akadhani ni ya farasi na gari, akamlipa mtu aliyekuwa amejikalia hapo tu.

Hapo ndipo Keaton alikuwa mkali. Wewe unajua kila kitu, yeye hajui chochote.

Sasa cheki. Anaingia na mzigo katikati ya gwaride la polisi. Mtu juu ya paa anarusha bomu, linatua kando yake kwa kiti. Kijana alikuwa anatafuta moto, anaona utambi unawaka, anawasha fegi nao, halafu analitupa. Boom! Kuanzia hapo nani atamsikiliza? Kama umewahi kusimamishwa na karao usiku uulizwe unatoka wapi, utacheka lakini roho itakudunda.

Ilitoka wakati Roscoe Arbuckle, beshte aliyemuingiza Keaton kwa filamu 1917, alikuwa na kesi ya kifo cha mwigizaji Virginia Rappe. Aliachiliwa Aprili 1922, lakini jina lilikuwa limeshachafuka.

Mwisho si ule unaotarajia, so ruka hapa kama hutaki kuambiwa. Kijana anawafungia makarao wote kwa stesheni na kutupa ufunguo. Dame anapita, anampuuza. Basi anauokota, anafungua mlango mwenyewe, na mikono inamvuta ndani. Picha ya mwisho ni jiwe la kaburi na kofia yake juu.

Iko YouTube, bure.