Habari za Larin Paraske, Mwimbaji wa Nyimbo za Kale

Wasomaji wengi wamesikia jina la Kalevala, utenzi mkuu wa Wafini. Tabibu Elias Lönnrot aliutengeneza kwa kuziunganisha nyimbo za wazee wa vijijini, akautoa mwaka 1835, na mara ya pili mwaka 1849, umeongezwa hata kuwa na nyimbo 50. Jina la mkusanyaji lajulikana sana. Bali waimbaji wenyewe hutajwa mara chache. Kwa hiyo twapenda kueleza habari za mwimbaji mmoja aliyejulikana baadaye, naye ni Larin Paraske.

Alizaliwa mwaka 1833 katika nchi ya Ingria, kaskazini ya St Petersburg. Baba yake alikuwa mtu wa kabila la Waizhora, asiye na uhuru wa kuiacha ardhi ya bwana wake. Mwaka 1853 Paraske aliolewa, akaenda kukaa Vaskela, katika mtaa wa Sakkola, upande wa Ufini. Alizaa watoto 9, nao waliokua ni 3 tu. Ili kupata riziki alilea kwa malipo yatima wa mjini, wapata 50. Mwaka 1888 akafiwa na mumewe.

Hakujua kusoma, lakini nyimbo zake zilikuwa na kanuni imara. Kila mstari una mizani nane, kama kipande cha utenzi wetu, ila hauna vina. Mahali pa vina, maneno ya mstari mmoja huanza kwa sauti zilizo sawa. Tena mstari ufuatao hurudia maana ya uliotangulia kwa maneno mengine, kama tuonavyo katika Zaburi. Ndiyo sababu nyimbo hizo zilikaa moyoni mwa watu pasipo wino wala karatasi.

Mwaka 1887 Adolf Neovius, kasisi wa Kilutheri, alianza kuziandika. Paraske alikuwa wa Kanisa la Kiorthodoksi, wala jambo hilo halikuwatenga. Kasisi alimlipa rubli moja kwa kila saa ya kuimba. Na kwa haki, maana saa ya mjane ni chakula cha nyumba yake. Neovius alipohamia Porvoo mwaka 1891, Paraske alimfuata. Huko Jean Sibelius, mtunzi wa muziki, alikwenda kumsikiliza, na mwaka 1893 Albert Edelfelt na Eero Järnefelt wakamchora. Kazi yao wawili ilipokwisha, yalikuwa yameandikwa mashairi zaidi ya 1,200, methali 1,750 na vitendawili 336.

Walakini sifa si posho. Paraske alirudi kwao, akafa maskini mwaka 1904. Sanamu yake ilisimamishwa Helsinki mwaka 1949, naye hakuiona. Wakati huo hata Sakkola ilikuwa imekwisha kuingia katika mipaka ya Urusi kwa ajili ya vita, na Wafini wake wamehama. Kijiji kilipotea, nyimbo zikabaki, kwa kuwa ziliandikwa mapema.

Basi sisi tukusanyao maneno ya wazee tujifunze mambo mawili. Tusingoje kesho, na katika daftari zetu tuandike jina la msemaji juu ya maneno yake, tena tusimwache arudi nyumbani mikono mitupu.