Nyanza Ni Neno la Nani?

Kule Homa Bay kuna visiwa vya aina mbili. Vya kwanza vinatembea. Mafunjo na gugu maji hushikana yakawa zulia nene la kijani, upepo ukivuma linahama. Leo uko ufuoni unaona maji, kesho gati limefungwa na boti haziwezi kuingia. Ndege hutua juu yake kama nchi kavu. Vya pili ni visiwa vya mawe, Rusinga na Mfangano, ambavyo havijawahi kusonga hata hatua moja. Lakini ukisikiliza watu wake wanavyoongea, utagundua navyo vimehama.

Mimi niligundua kupitia dani, nyanya yangu wa Mfangano. Sisi wajukuu tulimwongelesha Dholuo, tukirudi Nairobi ni Kiswahili na Sheng. Lakini dani akikasirika, au akikaa jioni na dadake wakidhani hatusikii, maneno yalibadilika. Nikiuliza wanasema nini, alicheka tu: "Nyakwara, hayo ni ya wazee." Nikadhani ni Dholuo ya zamani. Kumbe haikuwa Dholuo hata kidogo. Ilikuwa Olusuba, lugha ya Kibantu.

Simulizi za Abasuba zinasema wengi wao walitoka ng'ambo, pande za Buganda na Busoga, wakavuka ziwa kwa mitumbwi wakikimbia mivutano ya kiti cha Kabaka. Wengine walitua Mfangano na Rusinga, wengine milima ya Gwassi. Wengine tunawakuta Migori ya leo, Suna na Muhuru. Kila upande ulikuwa na namna yake ya kuongea: Olwivwang'ano kule Mfangano, Olumuulu kule Muhuru, Ekisuuna kule Suna.

Kama unajua Kiswahili, una ufunguo tayari. Mfangano kuna redio ya jamii inaitwa Ekialo Kiona, yaani dunia nzima. Sikiliza hiyo "ki" inavyojirudia, sawa na sisi tunavyosema "kijiji kizima". Ukivuka mpaka, Mganda akisema "ekyalo" anamaanisha kijiji. Neno moja, kando mbili za maji. Dholuo haina mtindo huo wa viambishi, maana ni ya ukoo mwingine kabisa wa lugha, wa Kinailoti.

Sasa swali: lugha ilipotelea wapi? Ukiwauliza watu mtandaoni, utaambiwa Waluo waliimeza. Lakini hakuna siku ambayo mtu alishikiwa mkuki aache Olusuba. Mambo yalienda polepole. Wanaume wa Kisuba walioa wasichana wa Kiluo, na mtoto hujifunza kuongea mgongoni mwa mama. Sokoni samaki aliuzwa kwa Dholuo. Kisha wamisionari Waadventista wakafika Gendia, karibu na Kendu Bay, mwaka 1906, na kufikia 1913 walikuwa na mtambo wa kuchapa pale. Walichapa vitabu kwa Dholuo. Ukitaka kusoma, kubatizwa au kuwa mwalimu, hiyo ndiyo iliyokuwa njia. Serikali ya kikoloni nayo ilipenda wilaya zenye lugha moja, maana ni rahisi kutawala.

Mfano mkubwa ni Tom Mboya. Amezikwa Rusinga, alikouawa Nairobi mwaka 1969 akarudishwa nyumbani. Kenya nzima inamkumbuka kama Mluo, na hakuna uongo hapo. Lakini ukoo wake ni wa Kisuba. Mtu anaweza kuwa vitu viwili, ila vitabu vya historia hupenda kuandika kimoja.

Mwaka 1992 wataalamu wawili, Franz Rottland na Duncan Okoth Okombo, walichapisha makala kuhusu Abasuba wanavyohamia Dholuo. Kitabu kilichobeba makala hiyo kilihusu kufa kwa lugha. Fikiria kusoma habari za nyanya yako kwenye kitabu kama hicho na yeye yuko jikoni anakaanga omena.

Hapa ndipo ninapokwama. Sensa ya 2019 ilihesabu zaidi ya watu 150,000 waliojitambulisha kama Wasuba. Tuna maeneo bunge ya Suba Kaskazini na Suba Kusini. Katiba ya 2010, kifungu cha 7, inaitaka serikali ilinde lugha za wananchi. Jina liko kila mahali. Wanaoweza kutaniana kwa Olusuba ndio wachache. Agano Jipya limetafsiriwa, na pale Mfangano kuna makumbusho ya jamii ya Abasuba. Lakini lugha haiishi makumbusho. Inaishi mahali mtoto anapogombezwa.

Zamani nilimlaumu dani kwa kutonyima usingizi mpaka nijifunze. Siku hizi simlaumu. Alitaka tusichekwe shuleni, tusiulizwe "nyinyi ni kina nani?" Alituvusha. Ila kila mzazi alipovusha watoto wake, aliacha kitu ufuoni, na aliyerudi kukichukua hakuwepo.

Na bado lugha haikuondoka bila alama. Mwaka 1858 Mwingereza John Speke alifika Mwanza, akaambiwa haya maji ni nyanza. Akabandika Victoria mbele. Baadaye wakoloni wakaliita jimbo letu Nyanza. Sasa, Mluo ziwa analiita nam. Nyanza ni neno la Kibantu: Waganda husema "nnyanja", Wasukuma "nyanza". Kwa hiyo kila msee wa Kisumu au Migori anayejigamba "sisi watu wa Nyanza" anatumia neno la ukoo ule ule wa lugha ya dani bila kujua.

Dani hayupo tena. Dadake bado yuko, kule Sena. Desemba nitapanda boti Mbita niende nikakae naye, simu ikiwa na chaji. Akianza kuongea sitamuuliza amesema nini. Nitamwomba arudie, polepole, mpaka na mimi niweze kusema.